Vifundo vya Vidole: Tafakari juu ya Filamu "Yellow Fever"

Jioni moja baada ya mazoezi ya kwaya, vijana wetu hapa Getanuwas waliweka kompyuta mpakato juu ya meza ya matoleo wakaniita nitazame filamu fupi. Tulikuwa kama watu kumi na wawili: wanakwaya, mwalimu wao, mama mmoja aliyekuja kumchukua binti yake, na mimi mzee wa kanisa. Filamu ilikwisha kabla chai haijapoa. Yule mama akauliza, "Imekwisha? Mbona hata mwanzo wake sijauona?" Tukacheka. Lakini hakuna aliyeinuka kwenda nyumbani. Kijana mmoja anayejua Kiingereza akatufafanulia, tukaitazama mara ya pili, kisha ya tatu.

Filamu hiyo inaitwa Yellow Fever, yaani Homa ya Manjano. Aliyeitengeneza ni Ng'endo Mukii, msanii wa Kenya, mwaka 2012, akiwa anahitimu masomo yake katika chuo cha Royal College of Art, London. Mwaka 2013 ilipata tuzo ya Silver Hugo katika tamasha la filamu la Chicago, kwa upande wa filamu fupi za uhuishaji. Haifiki dakika kumi. Inahusu wanawake wanaojichubua ngozi, na zaidi ya hapo inahusu jicho ambalo Mwafrika hujitazamia mwenyewe.

Nilipoombwa kuandika juu ya dhambi ya majivuno kwa ajili ya kitabu hiki, nilikuwa na maneno tayari. Ningeanza na Yezebeli aliyejipaka wanja akasimama dirishani, nikaendelea na binti za Sayuni wa Isaya sura ya 3, nikamalizia na vioo vya saluni za Katesh. Filamu hii imenivurugia somo langu. Basi naomba, wapendwa, nieleze kwa nini naiona ni kazi njema, ni wapi naona imepungua, na kwa nini ilinifanya niende kumtafuta mtu niliyemkosea.

Nianze na kosa langu, maana bila hilo sina haki ya kumhukumu msanii wa watu.

Miaka kadhaa iliyopita, katika usharika niliokuwa nikihudumu wakati ule, alikuwepo binti aliyeimba sauti ya kwanza. Alikwenda mjini kufanya kazi za ndani, akarudi baada ya mwaka na nusu uso wake umekuwa wa manjano, na akisimama juani mashavu yanakuwa mekundu. Vifundo vya vidole vyake vilibaki vyeusi kama alivyozaliwa. Jumapili moja, wakati wa matangazo, nilisimama nikarudia swali la nabii Yeremia katika sura ya 13, lile la Mkushi na ngozi yake na chui na madoa yake. Sikutaja jina. Haikuhitajika. Watu walicheka, na wengine wakageuka kumtazama. Katika wimbo uliofuata alisimama na wenzake, lakini kinywa hakufungua. Jumapili iliyofuata hakuja, wala zilizofuata. Mimi nilirudi nyumbani nikijiona nimeutimiza wajibu wangu.

Sasa tuje kwenye filamu. Wengi wetu tumezoea filamu zenye kisa: kijana anakwenda mjini, anapotea, anarudi akilia. Hii haina kisa cha namna hiyo. Ni filamu ya majaribio, yaani msanii ameiacha njia iliyozoeleka ili aone kama njia nyingine itasema kile ambacho kisa hakikuweza. Ndani yake mna michoro ya mkono inayotembea, mna watu halisi wanaocheza kwa miili yao, mna kumbukumbu za msanii zinazosimuliwa kwa sauti ya utenzi, na mna mazungumzo aliyoyarekodi na watu wa familia yake. Vitu hivi havikufungwa pamoja kwa kisa. Vimewekwa kimoja kando ya kingine kama shanga, na mtazamaji ndiye apitishe uzi. Ndiyo maana mama yule hakuuona mwanzo.

Kumbukumbu moja ni ya saluni. Msanii anamkumbuka msusi aliyemwona akiwa mtoto, mwanamke aliyejichubua, uso umekuwa mweupe, lakini mwili haukukubali wote. Kila aliyewahi kumtazama mtu aliyetumia mkorogo anajua jambo hili. Vifundo vya vidole, viwiko, magoti na vidole vya miguu hukataa. Ngozi ya sehemu hizo ni ngumu, nayo hubaki ikishuhudia ilivyokuwa. Msusi yule anafanya kazi kwa mikono hiyohiyo, vidole vikipita katika nywele za mtoto, na mtoto anaviona.

Halafu tunamsikia mama wa msanii, mtu mzima, akizungumza juu ya mambo haya kama wazazi wanavyozungumza. Na tunamsikia mtoto wa kike, mpwa wake, akieleza wazi kwamba angependa kuwa mweupe. Hapo ndipo chumba chetu kiliponyamaza. Mtoto huyo halii. Hasemi kwa huzuni wala kwa haya. Anasema kama mtoto wa hapa kwetu anavyosema kwamba angependa apate baiskeli. Hajapaka kitu chochote usoni, na pengine hatapaka kamwe, lakini homa imekwisha kumwingia.

Hapo nikaanza kuelewa kwa nini msanii hakutaka kisa. Kisa kingehitaji mkosaji. Kingetuonyesha mwanamke mmoja mwenye tamaa, halafu adhabu yake, nasi tungetoka tukimshukuru Mungu kwamba sisi si kama yule. Filamu hii inakataa kutupa nafasi hiyo. Inaanza na mwanamke aliyejichubua, na inatufikisha kwa mtoto asiye na hatia. Tunabaki tukijiuliza: ugonjwa huu umepita wapi hata ukamfikia huyu? Mukii mwenyewe ameeleza kwamba wazo la uzuri limefanywa kuwa moja duniani kote, na kwamba jambo hilo limepotosha namna watu wanavyojiona. Mtoto hakulitafuta wazo hilo. Lililetwa nyumbani kwake.

Uhuishaji nao unalifaa jambo hili. Sinema ya kawaida hupitisha picha 24 katika sekunde 1. Anayechora uhuishaji huchora mwili, akaufuta kidogo, akauchora tena, mara maelfu. Kufuta mwili na kuuchora upya ndiyo kazi yake ya kila siku. Ndiyo kazi ya mkorogo pia. Tofauti ni kwamba karatasi haiumii. Msanii anatuonyesha jinsi ilivyo rahisi kuubadili mwili wa mchoro, halafu anatuletea miili ya watu halisi, tukaona kwamba ule haufutiki hivyo.

Jina la filamu lina historia. Mwaka 1976 mwanamuziki wa Nigeria, Fela Kuti, alitoa wimbo wenye jina hilohilo, akiwakejeli wanaojichubua. Kejeli ndiyo njia tuliyoizoea sote. Tulipokuwa tukitazama, kijana mmoja wa sauti ya nne alinong'ona ule utani wa mitaani: uso Fanta, miguu Koka. Mara ya kwanza wenzake walicheka. Mara ya tatu hakuurudia. Nikaona kwamba filamu ya dakika chache ilikuwa imefanya kazi ambayo mahubiri yangu ya miaka hayakuifanya: imemwondolea mtu kicheko bila kumgombeza.

Lakini tusije tukadhani huruma maana yake ni kunyamazia madhara. Mkorogo ni sumu. Krimu nyingi za kung'arisha ngozi zimekutwa na zebaki, haidrokwinoni au dawa kali za jamii ya steroidi. Zebaki hupenya ngozi ikaharibu figo na mishipa ya fahamu, na mama mjamzito huweza kuifikisha kwa mtoto aliye tumboni. Haidrokwinoni ikitumiwa kwa muda mrefu huweza kuigeuza ngozi ikawa na mabaka ya bluu-nyeusi, na steroidi huifanya iwe nyembamba hata kidonda hakifungi vizuri. Serikali yetu imepiga marufuku vipodozi vyenye viambato hivyo, na tangu 2019 jukumu la kusimamia vipodozi liko kwa Shirika la Viwango Tanzania, TBS. Mkataba wa kimataifa wa Minamata nao hapo awali uliweka kikomo cha zebaki katika vipodozi kuwa sehemu 1 kwa milioni. Hata hivyo makopo yanafika minadani, yamepangwa juu ya turubai pamoja na sabuni na mafuta ya nywele.

Na sisi ni watu wa jembe na mifugo. Weusi wa ngozi ni kinga ambayo Mungu alimpa mtu anayekaa chini ya jua la namna hii. Ndugu zetu wenye ualbino wanajua gharama ya kuikosa: kofia pana, mikono mirefu, na saratani ya ngozi inayowachukua wengi wao mapema. Mwingine analipa pesa aondoe kile ambacho mwenzake angelipa chochote akipate. Tena tukumbuke aibu yetu. Nchi hii hii inayonunua krimu za kuwa mweupe imewahi kuwawinda na kuwaua watu waliozaliwa na ngozi nyeupe. Basi mtu asituambie kwamba ni weupe wenyewe unaopendwa. Kinachotafutwa ni kuhesabiwa. Binti anatafuta kutazamwa kama mtu mwenye thamani, na ameambiwa kwamba thamani ina rangi.

Hapa ndipo ninapotofautiana na somo nililokuwa nimeliandaa. Majivuno, kama tulivyofundishwa, ni mtu kujipenda kupita kiasi. Tazama msusi yule, tazama yule mtoto: je, hao wanajipenda kupita kiasi? Anayejichoma uso kwa dawa kila usiku hajipendi mno. Hajalisadiki neno la Mungu la sura ya kwanza ya Mwanzo, pale Muumba alipotazama kazi yake yote akaridhika nayo sana. Ni upungufu wa imani, nao mara nyingi umesababishwa na midomo ya watu wengine. Ukimkemea mtu wa namna hiyo kwa majivuno, unampa dawa ya tumbo mtu anayeumwa jicho.

Filamu ilinirudisha kwenye Maandiko, nikaanza na aya niliyoitumia kama fimbo. Nikaisoma Yeremia 13 yote, jambo ambalo sikulifanya siku ile. Nabii hasemi lolote baya juu ya ngozi ya Mkushi. Anasema na watu wa Yuda ambao wameuzoea uovu hata kuacha kwao ni kugumu kama ngozi kubadilika. Ngozi ni mfano. Shabaha ni moyo uliozoea. Na moyo uliozoea siku ile ulikuwa wangu, uliozoea kuchekesha watu kwa kumwaibisha binti.

Nikaenda Hesabu sura ya 12. Miriamu na Haruni wanamsema Musa kwa ajili ya mke wake Mkushi. Mungu anawaita watatu hemani, na hukumu inapotoka, ni Miriamu anayegeuka kuwa mweupe kama theluji, kwa ukoma. Mwanamke Mkushi hakuguswa. Aliyewanyoshea wengine kidole ndiye aliyepata weupe, na weupe huo ulikuwa ugonjwa, na kambi yote ikakaa siku saba ikimngoja. Sura hii sijaisikia ikihubiriwa mara nyingi.

Kisha Wimbo Ulio Bora, sura ya 1, aya ya 5 na ya 6. Pale mwanamke anajitaja kuwa mweusi, na anajitaja kuwa mzuri. Biblia niliyokulia imeviunganisha vitu hivyo viwili kwa neno "lakini". Mweusi, lakini mzuri. Kana kwamba uzuri umeponea chupuchupu. Walimu wa Maandiko wanatueleza kwamba kiungo kilichomo katika Kiebrania ni herufi moja tu, na kwamba inaweza kusomwa "na" vilevile. Waliotafsiri kwa Kigiriki zamani waliandika "na". Tafsiri ya Kilatini iliyotawala Ulaya kwa karne nyingi iliandika "lakini". Neno moja dogo, wapendwa. Mkorogo wa kwanza haukutoka dukani.

Na aya inayofuata inatuhusu sisi wa huku zaidi ya watu wengi. Mwanamke yule anawasihi wenzake wasimkodolee macho kwa weusi wake, anaeleza kwamba jua limemtazama, na kwamba ndugu zake walimtuma kulinda mashamba. Ni binti wa shamba, rangi yake imeongezwa na kazi. Sasa fikirini jinsi bibi zetu wangeisikia aya hiyo. Kwa Kiiraqw, Looaa ni jua na ni jina la Mungu. Kwa Kibarbaig, Aseeta ni jua na ni Mungu vilevile. Sijengi mafundisho juu ya jambo hili. Jua ni kiumbe, nasi hatuliabudu. Lakini masikioni mwa wazee wetu, mtu aliyetazamwa na jua ni mtu aliyetazamwa na Mungu. Binti angetoka shambani na weusi wake kama mtu anayetoka kubarikiwa. Sisi tuliosoma ndio tuliomfundisha kujifunika.

Nasema sisi, na hapa nataka tuingie ndani ya nyumba yetu wenyewe. Filamu inanyoshea kidole utandawazi na picha zake. Ni kweli. Lakini miaka hamsini iliyopita huku kwetu televisheni haikuwepo, na kanisa lilikuwepo. Nani alileta picha ya kwanza ya mtu mzuri, ikatundikwa ukutani? Kalenda ya Yesu mwenye macho ya bluu iko katika nyumba zetu nyingi. Na mimi ninayo, juu ya redio. Katika vitabu vya Shule ya Jumapili malaika ni mweupe, na shetani tunajua wenyewe. Tunaimba kuoshwa tuwe weupe kuliko theluji, kama Zaburi ya 51 inavyoomba, na watu wazima tunajua maana yake ni usafi wa moyo. Je, mtoto wa miaka sita anajua? Nimemsikia mtoto katika Shule ya Jumapili akimwomba mwenzake penseli ya "rangi ya ngozi". Aliyopewa ilikuwa ya waridi hafifu. Akampaka nayo Yesu, akawapaka wanafunzi wote kumi na wawili, kisha akajipaka mwenyewe pembeni. Mwalimu akamsifu kwa kutotoka nje ya mistari.

Mtoto yule na mpwa wa Mukii wanasema jambo moja. Mmoja yuko katika filamu iliyopata tuzo ng'ambo, mwingine ameketi kwenye benchi letu.

Sasa niseme mapungufu ya filamu, kwa maana kusifu tu si kuheshimu kazi ya mtu.

Kwanza, wanaume wako wapi? Sauti tunazozisikia ni za wanawake: msanii, mama, mtoto. Mtu angeweza kutoka akidhani hili ni jambo lao wanawake, wanalofanyiana saluni. Huku kwetu si hivyo. Kijana anaporudi kutoka kutafuta mchumba, swali la kwanza la rafiki zake linajulikana, na jibu "ni mweupe" hupokelewa kwa kupigana viganja. Hata sisi wazee tunamsifia bi harusi kwa kusema ni maji ya kunde. Binti hajichubui kwa sababu ya kioo peke yake. Anatazama macho ya wanaume na ya wakwe, halafu ndipo anatazama kioo. Filamu ingetugusa sisi pia kama ingetugeuzia kamera.

Pili, filamu inatuonyesha homa bila kutuonyesha mtu mzima wa afya. Sisemi ingemaliza kwa mahubiri, ingeharibika. Lakini kuna namna ya kujipamba ambayo haitokani na kujichukia, na sikuiona ikipewa nafasi ya kutosha. Mtazame bibi wa Kibarbaig akienda mnadani: sketi ya ngozi iliyoshonwa shanga, bangili za shaba mkononi, chale za duara kuzunguka macho. Wengi wetu tulifundishwa kuyaita hayo ushenzi, na wainjilisti wetu, watu wema, waliwaambia mama zetu wayavue. Sitetei kila desturi. Chale zinaumiza, na mtoto haulizwi. Lakini bibi yule anapojipamba anaongeza juu ya kile alichopewa. Anasema, mimi ni wa watu fulani, nimezaliwa, nimeolewa, nimezaa. Mkorogo hauongezi kitu. Unafuta, na unamfuta mtu pamoja na mama yake na bibi yake ambao sura yao ameibeba. Kama kanisa lingefundisha tofauti hiyo, mabinti wetu wangejua kwamba hatupingi urembo. Tumewaambia "msijipambe" kwa miaka mingi, hata siku tulipotaka kuwaambia "msijifute" hawakusikia tofauti.

Tatu, na hili ni jambo dogo, filamu ni ngumu. Nadhani msanii aliichora kwa ajili ya watu waliozoea majumba ya maonyesho. Mama yule aliyeuliza mwanzo uko wapi hakuwa mjinga. Lakini ugumu huo ulitufaidi kwa njia moja: ulitulazimisha kuzungumza. Filamu nyepesi tungeiangalia tukalala.

Pamoja na mapungufu hayo, naishauri mikutano yetu ya vijana na ya wanawake, na hasa ya wanaume, iitazame. Itazameni mara mbili kabla mtu hajasema lolote. Msianze na swali la nani anajichubua. Anzeni na swali hili: mara ya kwanza kusikia kwamba rangi yako ni pungufu, aliyekuambia alikuwa nani? Jioni ile tulipoulizana hivyo, kila mtu alikuwa na jibu. Hakuna aliyesema televisheni. Walisema shangazi, mwalimu, kaka, mchumba. Mmoja alinitazama, akatazama chini, hakusema.

Lile la kutazama chini ndilo lililoniondoa nyumbani wiki iliyofuata. Niliuliza, nikaelekezwa kwamba binti yule ana kibanda cha bidhaa si mbali na stendi, siku hizi ana watoto wawili. Nilimkuta. Alinisalimu, "Shikamoo, mzee," kama alivyolelewa. Nikaitikia, nikashindwa kuanza, nikanunua sukari nisiyoihitaji. Kisha nikamwambia kwamba siku ile nililitumia Neno la Mungu vibaya, kwamba aya ile haikuwa na maana niliyoipa, na kwamba naomba msamaha. Aliendelea kupima sukari ya mteja mwingine. Alipomaliza akasema, "Mzee, mkorogo niliacha zamani. Nilipata ujauzito, nesi akaniambia. Wewe hukuniambia kwamba unadhuru. Ulisema tu kwamba inachekesha." Sikuwa na jibu. Akanifungia sukari, akasema nimsalimie mama nyumbani. Kanisani hajarudi, angalau kwetu. Sikumwomba arudi, ingeonekana kwamba nilikuja kwa ajili hiyo.

Nilipokuwa nikirudi, Mlima Hanang ukiwa mbele yangu, nilifikiri juu ya aya moja iliyofichika katika Kutoka sura ya 38, aya ya 8. Pale Biblia inaeleza birika la shaba ambalo makuhani walinawia, na inataja shaba hiyo ilitoka wapi: ilikuwa vioo vya wanawake waliohudumu mlangoni pa hema. Zamani zile kioo kilikuwa shaba iliyosuguliwa hata ing'ae. Haisemi kwamba wanawake walikemewa kwa kuwa na vioo. Haisemi kwamba vioo vilivunjwa mbele ya watu wakacheka. Vilipokelewa, vikayeyushwa, vikawa chombo cha kunawia mikono. Na walionawa pale, sharti wanawe, walikuwa makuhani.

Basi sisi tunaosimama mbele tunawe kwanza. Kalenda iliyokuwa juu ya redio yangu nimeiondoa. Mwaka wake ulikuwa umekwisha kitambo. Shule ya Jumapili imenunuliwa boksi jipya la penseli za rangi, lenye kahawia tano. Jumapili iliyopita watoto waligombania ile nyeusi zaidi, kwa sababu mwalimu aliwaambia wachore mikono yao wenyewe, na mmoja aligundua kwamba pale kwenye vifundo lazima ukandamize.